Darasa la mapishi ya Meksiko: mwongozo kwa msafiri wa kutoka Mombasa

Darasa zuri la mapishi ya Meksiko hupimwa kwa jambo moja: mkono wako utakaa muda gani ndani ya unga wa mahindi na kwenye pilipili kavu. Kuponda parachichi kwa ndimu, kukatakata nyanya na vitunguu vibichi, kuchemsha maharagwe, kukamua ukwaju, hayo mtu aliyekulia Mombasa hana haja ya kuvuka bahari kuyasomea. Ila tortilla, ule mkate mwembamba wa mahindi unaosindikiza karibu kila mlo kule, na michuzi ya pilipili kavu zilizopitishwa kwenye chuma cha moto, ni kazi za vidole na pua. Ukisoma karatasini utaelewa, ukiingia jikoni utaharibu. Lipa ada kwa ajili ya vitu hivyo viwili, na kingine chochote kihesabu kuwa nyongeza.

Mji gani, darasa gani

Oaxaca ndiko madarasa mengi huanzia sokoni. Masoko ya Benito Juárez na 20 de Noviembre yamepakana katikati ya mji, na Central de Abastos, soko kubwa zaidi, liko pembeni kidogo. Huko mole, mchuzi mzito wa pilipili kavu na viungo vingi vilivyosagwa, hupikwa kwa aina nyingi, na unga wa mahindi uliosagwa asubuhi hupatikana bila taabu. Puebla ni kwa anayetaka mole poblano, au chiles en nogada, pilipili kubwa zilizojazwa nyama na matunda na kumiminiwa mchuzi mweupe wa jozi. Hiyo ya pili ina msimu wake, Agosti na Septemba, kwa hiyo usiende Machi ukaitarajia.

Mérida, kwenye rasi ya Yucatán, ndio mji ambao watu wa Pwani wangefaidika nao na wengi hawaufikirii. Upishi wake unategemea danzi, majani ya mgomba, mbegu nyekundu za achiote na pilipili habanero, na vyote hivyo au ndugu zake viko Mombasa na Kwale. Ukiwa na siku moja tu ya darasa katika safari nzima, chagua Oaxaca kwa sababu ya unga. Ukiwa na mbili, ya pili iwe Mérida.

Kabla ya kulipa, andika maswali manne na uyatume kwa ujumbe. La kwanza na la muhimu: unga unatoka wapi? Kwa Kihispania: «¿La masa es de nixtamal o de harina?» Nixtamal ni mahindi makavu yaliyochemshwa na chokaa, yakalazwa usiku, yakaoshwa na kusagwa mabichi. Kazi hiyo haiingii kwenye darasa la nusu siku, hivyo mwalimu mzuri huroweka mahindi jana yake na kukuonyesha kuanzia kuosha na kusaga. Akijibu kwamba hutumia unga wa paketi, si ulaghai. Utajifunza kukanda, kukandamiza na kuchoma. Lakini nusu ya elimu umeikosa, na bei inapaswa kuonyesha hivyo.

La pili, watu wangapi kwa comal moja? Comal ni lile bamba la udongo au chuma la kuchomea tortilla. Watu wanane kwa comal mbili wanatosha kila mmoja kuharibu tortilla tano na kufaulu tano. Watu kumi na watano kwa comal moja ni maonyesho. La tatu, vyakula vingapi? Orodha ya vyakula sita kwa saa nne maana yake michuzi ilipikwa kabla hujafika, wewe utapamba tu. Vitatu vinatosha: tortilla, mchuzi mmoja wa pilipili kavu, na chakula kimoja kizito.

La nne ni mafuta, na hilo lina sehemu yake.

Mafuta ya nguruwe, nyama na mezcal

Neno manteca likitajwa peke yake jikoni Meksiko, ni mafuta ya nguruwe. Manteca vegetal ni ya mimea. Mantequilla ni siagi. Asiyekula nguruwe ajue mahali yanapojificha: kwenye unga wa tamales (vifurushi vya unga wa mahindi vilivyofungwa majani na kupikwa kwa mvuke), ambao hupigwa na mafuta hayo mpaka uwe mwepesi, kwenye maharagwe ya kukaangwa, frijoles refritos, kwenye mole, kwa sababu mchuzi uliosagwa hukaangwa kwanza ndani yake, na kwenye tortilla za ngano za majimbo ya kaskazini. Oaxaca kuna tlayuda, tortilla kubwa ngumu, ambayo hupakwa asiento, yaani mashapo ya mafuta ya nguruwe, kabla ya kuwekwa kitu kingine chochote. Utaona imejaa maharagwe na jibini ukadhani ni salama. Sema «sin asiento, por favor» kabla haijapakwa.

Tortilla ya mahindi yenyewe haina mafuta kabisa: ni mahindi, chokaa na maji.

Usiseme tu kwamba huli nyama. Wapo wapishi ambao maharagwe yaliyokaangwa kwa manteca kwao si chakula cha nyama, nao hawakudanganyi, ndivyo wanavyoyahesabu. Litaje lenyewe: «No como cerdo ni manteca de cerdo». Na uliandike siku mbili kabla, si mlangoni asubuhi, kwa maana unga wa tamales huwa umeshapigwa na mole imeshakaangwa. Al pastor, carnitas na cochinita pibil ni nguruwe, chorizo kwa kawaida ni nguruwe, na chicharrón ni ngozi yake iliyokaangwa. Barbacoa mara nyingi ni kondoo, birria ni mbuzi au ng'ombe, lakini nyama iliyochinjwa kihalali si jambo la kutegemea kuikuta sokoni. Njia rahisi ni kuomba darasa la samaki, maharagwe, jibini, uyoga, na maua ya maboga. Hayo si makombo ya orodha. Quesadilla ya maua ya maboga iliyochomwa kwenye unga mbichi inashinda nyingi za nyama.

Madarasa mengi ya Oaxaca humalizia kwa kuonja mezcal, kinywaji kikali cha mmea wa agave. Ukitaja mapema, watakuandalia agua de jamaica, maji ya maua makavu ya rosela, au ya tamarindo, ambayo ni ukwaju wetu huu huu.

Maandalizi mengine ni mafupi. Masuala ya viza yaulizwe kwenye ubalozi wa Meksiko ulioko Nairobi kabla ya kununua tiketi. Jiji la Meksiko na Oaxaca ziko nyuma ya Mombasa kwa saa tisa, hivyo darasa liwe siku ya tatu au ya nne, tumbo na usingizi vikishatulia. Vaa viatu vya kufunika vidole. Mwenye kuvaa ushungi auchague wa pamba na aubane kwa pini, maana shela inayoning'inia juu ya comal hushika moto haraka, na mikono mipana ya buibui vilevile. Usishibe asubuhi, utakula ulichopika. Maji ya kunywa na ya kuoshea mboga yawe yaliyosafishwa, agua purificada, na kuuliza si utovu wa adabu.

Sokoni na mwalimu

Saa ya sokoni watu wengi huimaliza kwa kupiga picha. Itumie kwenye pilipili kavu. Pilipili kavu nzuri hupinda bila kuvunjika, ina mng'ao kidogo, na harufu yake inakaribia zabibu kavu au tumbaku. Ikivunjika kama jani kavu imezeeka. Ikiwa na vitundu au unga mweupe ndani, imeingia wadudu. Mwombe mwalimu akutajie tano na uzinuse moja baada ya nyingine: ancho, pana na nyeusi yenye utamu, guajillo, ndefu, ngozi laini nyekundu, ukali wa wastani, pasilla, nyembamba ya rangi ya kahawa nyeusi, chipotle, iliyokaushwa kwa moshi, na árbol, ndogo, nyembamba, kali kweli. Ancho na guajillo ndizo utakazotumia zaidi. Gramu 200 za kila moja zinatosha kurudi nazo.

Oaxaca utapewa uonje pia chapulines, panzi waliokaangwa na ndimu na chumvi. Kila mtu na uamuzi wake.

Unga: hapa ndipo pa kukaa

Ukipewa nixtamal iliyokwisha kulala, chukua punje na uisugue kwa kidole gumba. Ngozi ikitoka kama utando wa utelezi, imeiva. Ikivunjwa, katikati kuwe na kidoa cheupe kidogo ambacho hakijaiva kabisa. Punje iliyoiva mpaka ndani hutoa unga wa kunata usiokandika. Chokaa hufanya kazi mbili: huyeyusha gundi ya ngozi ya mahindi, na kalsiamu yake huusaidia unga ushikane. Ndiyo sababu unga wa ugali hauwezi kutoa tortilla hata uukande mpaka jioni. Haujapitia chokaa, utakatika tu. Chokaa pia hufungua vitamini ya niasini iliyojifunga ndani ya mahindi, na mataifa yaliyochukua mahindi bila kuchukua chokaa yaliujua ugonjwa wa pelagra kwa sababu hiyo.

Kwa unga wa paketi uliokwishapitia chokaa, vipimo vya kuanzia ni gramu 240 za unga, mililita 350 za maji vuguvugu na nusu kijiko cha chai cha chumvi. Kanda dakika tatu, funika kwa kitambaa kibichi, acha dakika 20 unga unywe maji. Wengi huruka mapumziko haya, kisha wanalaumu paketi.

Jaribio ni hili. Viringisha donge la gramu 30 hadi 35, libonyeze kwa kiganja. Kingo zikipasuka, maji hayatoshi, ongeza kijiko kimoja, si viwili. Likibaki kiganjani, maji yamezidi, ongeza unga kidogo. Donge sahihi huacha kiganja kikavu na kingo zake ni laini. Rudia jaribio kila robo saa, maana unga hukauka ukiwa mezani, zaidi karibu na jiko. Mwalimu mzuri utamwona anachovya vidole majini mara kwa mara bila kusema kitu.

Kwenye kikandamizio weka karatasi mbili za plastiki, donge katikati, bonyeza kwa nguvu ya wastani, zungusha nusu duara, bonyeza tena kidogo. Ukibonyeza kwa nguvu zote mara moja, upande wa bawaba unakuwa mwembamba kuliko upande wa mpini na tortilla itaiva nusu. Unene unaotakiwa ni milimita mbili hivi. Kuitoa: bandua plastiki ya juu, geuza tortilla kiganjani ikining'inia nusu nje ya vidole, bandua ya pili. Kisha ilaze kwenye comal kwa kuvuta mkono kuelekea kwako, ile sehemu inayoning'inia ikigusa kwanza. Ukiitupa kutoka juu, itajikunja na hewa itanaswa chini.

Comal iwe ya moto sana. Tone la maji liruke na kuisha mara moja. Upande wa kwanza ni sekunde 15 hadi 20, mpaka kingo zianze kuachia, usingoje madoa. Upande wa pili, sekunde 45 hadi dakika moja, mpaka madoa ya kahawia. Geuza tena, na hapo ndipo inapaswa kuvimba. Uvimbe hutokea kwa kuwa pande zote mbili zimejifunga na mvuke wa ndani hauna pa kutokea. Isipovimba, sababu ni mojawapo ya hizi: upande wa kwanza ulikaa sana ukakauka, unga ulikuwa mkavu, au comal haikuwa na moto wa kutosha. Kuigusa kidogo kwa ncha za vidole husaidia, lakini tortilla isiyovimba bado inalika. Zikitoka, zipange kwenye kitambaa kinene na uzifunike. Dakika kumi ndani ya mvuke wao ndizo zinazozilainisha. Anayeila ikitoka tu motoni atasema ni ngumu, na ni kweli.

Pilipili kavu na mchuzi

Pangusa vumbi kwa kitambaa kibichi, ondoa kikonyo, pasua, toa mbegu na mishipa myeupe. Ukali uko kwenye mishipa kuliko mbegu, kwa hiyo hapo ndipo unapopunguza au kuacha. Paka mikono mafuta ya kupikia kidogo kabla, au vaa glavu, kwa sababu kinachowasha huyeyuka kwenye mafuta na si kwenye maji. Ikikuunguza mdomoni, kunywa maziwa. Maji huisambaza tu.

Zichome kwenye comal ya moto wa wastani, ukizibonyeza kwa mwiko, sekunde tano hadi kumi kila upande. Zikianza kunukia na ngozi kubadilika rangi kidogo, zitoe. Hapa ndipo makosa mengi ya darasa hutokea, mtu anangoja aone weusi. Pilipili iliyoungua ni chungu, na uchungu huo hautoki kwa sukari, wala nyanya, wala kuchemsha. Ukiunguza vipande viwili kati ya sita, vitupe hivyo viwili. Madirisha yawe wazi, moshi wake hukohoza jikoni zima. Ziloweke kwa maji ya moto yasiyochemka, dakika 15 hadi 20, kisha onja maji hayo. Yakiwa matamu, sagia. Yakiwa machungu, yamwage utumie maji safi.

Mchuzi wa kujifunzia: guajillo 6, árbol 2, nyanya 4 za wastani, kitunguu robo, punje 2 za thomu na chumvi. Nyanya, kitunguu na thomu (ikiwa na ganda lake) zichomwe juu ya comal kavu mpaka zilegee na kuwa na mabaka meusi. Weusi wa nyanya unafaa, wa pilipili haufai. Saga vyote, pitisha kwenye chujio, maana maganda ya guajillo hayasagiki vizuri. Pasha vijiko viwili vya mafuta mpaka yawe moto kweli, mimina mchuzi kwa mpigo mmoja. Utalipuka na kuruka, kwa hiyo kaa mbali. Koroga dakika tano hadi nane mpaka rangi ikolee na mafuta yaanze kujitenga kingoni. Mpishi wa Mombasa anayejua rojo la kuku linapokuwa tayari ataitambua alama hiyo bila kuambiwa.

Kwenye molcajete, kinu cha jiwe la volkeno, mpangilio ndio siri: chumvi ya mawe na thomu kwanza, kwa kuwa chumvi ndiyo inayosaga, kisha pilipili, na nyanya mwisho. Ukianza na nyanya, kila kitu kitaelea na hutasaga chochote. Ukinunua kinu hiki, saga ndani yake mchele mkavu na chumvi, utupe, urudie mpaka mchele utoke mweupe, la sivyo utakula mchanga. Ni kizito, kipime kwa kilo za mzigo wako kwanza.

Mole, kwa kweli, haisomwi kwa saa nne. Ile nyeusi ya Oaxaca hufikia viungo 20 na zaidi. Kinachofaa kukitazama ni kwa nini ufuta, lozi, njugu, zabibu, mdalasini na karafuu vinakaangwa kimoja kimoja: kila kimoja kina dakika yake ya kuungua, ufuta ukiwa wa haraka kuliko wote. Omba uachiwe mwiko wakati mchuzi uliosagwa unakaangwa, maana hushika chini ya chungu ukikatiza kukoroga. Chokoleti huingia mwisho, kidogo. Ikitawala, kuna aliyekosea.

Kabla ya kuondoka

Andika kwa saa yako mwenyewe muda wa kila hatua, na upige picha za rangi: pilipili ikitolewa kwenye comal, mchuzi ukiwa tayari, punje ya nixtamal iliyovunjwa. Kopi ya mapishi utakayopewa haina hayo.

Cha kununua ni kikandamizio cha chuma, pilipili kavu na, kikipatikana, kifuko kidogo cha cal, chokaa ya chakula. Usinunue chombo cha umeme: umeme wa kule ni volti 127, wa Kenya ni 240. Mahindi ya mbegu, matunda na chochote kibichi viache. Mazao ya mimea yanayoingia Kenya yako chini ya ukaguzi wa KEPHIS, hivyo hata pilipili kavu zitangaze ukifika, na kama unapitia nchi nyingine, fuata masharti yake pia. Mifuko ya plastiki ya kubebea imepigwa marufuku Kenya tangu 2017, kwa hiyo manunuzi yafungwe kwenye karatasi na kitambaa.

Kurudia Mombasa

Jiji la Meksiko liko mita 2,240 juu ya usawa wa bahari, na maji huchemka huko kwenye nyuzi 92 au 93. Oaxaca iko kama mita 1,550. Hapa ni nyuzi 100. Kwa hiyo muda wa maharagwe na nixtamal ulioandika darasani ni mrefu mno kwa Mombasa. Ulipoandika dakika 45, anza kukagua dakika ya 20.

Mahindi: kilo moja ya mahindi meupe makavu ya kula, yasiyotiwa dawa ya kupandia, yaliyochambuliwa punje moja moja. Yenye ukungu au rangi ya kijivu tupa, sumukuvu haiondoki kwa uhakika kwa kupikwa. Chokaa: ile nyeupe tupu inayouzwa kwa wauza tambuu ni ya jamii ile ile, kalsiamu haidroksaidi, ila ni rojo lenye maji. Unga wa cal unatosha gramu 10 kwa kilo, wa rojo anza na gramu 20. Isiwe na rangi wala manukato. Chokaa ya kupaka nyumba isikaribie jikoni. Magadi nayo hayafai badala yake. Yatalainisha mahindi vizuri, lakini hayana kalsiamu, na unga hautashikana inavyotakiwa.

Sufuria ya alumini usitumie, chokaa huila. Tumia ya chuma cha pua, ya enameli, au chungu. Koroga chokaa kwenye lita tatu za maji, bila kuipulizia puani wala machoni, tia mahindi. Yakigeuka manjano mara moja, chokaa inafanya kazi. Yasipobadilika, ongeza kidogo. Chemsha taratibu mpaka ngozi isuguke, zima, funika, acha saa 8 hadi 12. Osha mara mbili au tatu ukisugua, lakini usimalize ngozi yote, iliyobaki ndiyo inayosaidia kushika.

Kusaga ndiko kunakokwamisha. Mashine ya posho husaga mahindi makavu, hayo mabichi yataiziba. Mashine ya mkono ya nafaka ndiyo bora. Ya kusagia nyama, yenye tundu ndogo kabisa, ukipitisha mara tatu hutoa unga wenye chenga, unaofaa kwa tamales na mikate minene lakini si tortilla nyembamba. Blenda inadai maji mengi, hivyo rojo lake likamuliwe ndani ya kitambaa na kukaushwa kwa unga wa paketi. Kwa joto letu, unga uliosagwa huchacha ndani ya saa chache. Unga usiotumika siku hiyo uweke kwenye friji, umefungwa, usizidi siku mbili. Badala ya comal, tawa la chapati la chuma zito linatosha kabisa. Badala ya plastiki, kata duara mbili za karatasi ya kuokea.

Badala ya guajillo, pilipili kavu za Kashmiri kwenye maduka ya viungo ya Marikiti hutoa rangi na ukali unaokaribia, ingawa zina utamu mdogo. Habanero ina ndugu yake hapa, pilipili mbuzi. Ancho haina mbadala wa kweli, ndiyo maana ilibebwa.

Na kwa waliosoma Mérida, samaki wa tikin xic anapikika Mombasa pengine kwa urahisi kuliko chakula kingine chochote cha kule. Achiote ni bixa, ile ile inayolimwa Kwale. Hakikisha ni mbegu za kula ambazo hazijatiwa dawa. Loweka vijiko vitatu vya chakula usiku kucha, maana ni ngumu kama kokoto, kisha saga na kijiko kimoja cha chai cha pilipili manga, kimoja cha oregano, nusu cha bizari ya pilau, karafuu 4, punje 6 za thomu, kijiko kimoja cha chumvi na nusu kikombe cha maji ya danzi. Vaa nguo ya zamani, rangi yake haitoki. Changu wa kilo moja apasuliwe na kufunuliwa, apakwe, akae dakika 30 hadi 60, si zaidi, kwa sababu uchachu humpika na nyama inakuwa ya kuvunjika. Jani la mgomba lipitishwe juu ya moto mpaka ling'ae na kulegea, ndipo umfunge. Seredani yenye makaa yaliyotulia, dakika 20 hadi 25, akigeuzwa mara moja.

Pilipili zilizobaki zisikae kwenye kopo juu ya kabati. Unyevu wa Pwani huzilainisha, kisha huota ukungu ndani kabla hujauona nje. Zifunge kwenye chombo kisichopitisha hewa na uziweke kwenye friza. Zikitolewa, ziache ubaridi uziishe ndani ya chombo kilichofungwa kabla ya kufungua, zisitoe jasho.